Tuligombea kisu, tukasahau ihsani

Sifa zote njema ni za Allah (s.w.), Mola wa walimwengu wote, aliyetutiishia wanyama ili tule nyama yao, tunywe maziwa yao na tubebe mizigo juu ya migongo yao. Rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), ahli zake na swahaba zake wote. Ama baada ya hayo.

Ndugu zangu Waislamu, wengi wetu tunaukumbuka mgogoro wa kuchinja uliozuka Kanda ya Ziwa mwanzoni mwa mwaka 2013. Ilikuwa ni mzozo wa nani mwenye haki ya kuchinja mnyama ambaye nyama yake inauzwa buchani kwa watu wote. Huko Buseresere, mkoani Geita, mwezi Februari mwaka huo, watu walipigana na mchungaji mmoja wa kanisa akauawa. Roho ya mwanadamu ikatoka kwa ajili ya nyama. Vikao vikafuatana, viongozi wa dini na wa serikali wakakutana, na kwa wiki kadhaa hapakuwa na mazungumzo mengine baada ya swala isipokuwa hayo.

Sina nia ya kuufufua mgogoro ule. Kumuua mtu asiye na hatia ni dhambi kubwa, na hilo halina mjadala. Ninachotaka kukizungumza ni swali ambalo hatukuulizana wakati ule, na hata leo hatuulizani. Tulisimama kidete kusema kuwa anayechinja awe Muislamu. Vizuri. Je, huyo Muislamu tuliyemkabidhi kisu anachinjaje? Ng'ombe anafikaje mbele yake? Kisu kina makali? Na mnyama anaachwa afe kwanza, au anaanza kuchunwa huku miguu bado inarusha?

Tuligombea kisu. Hatukugombea ihsani.

IHSANI NI AMRI

Katika hadithi iliyopokewa na Imam Muslim kutoka kwa Shaddad bin Aws (r.a.), Mtume (s.a.w.) anatufahamisha kuwa Allah amefaradhisha ihsani, yaani kufanya kwa wema na kwa ukamilifu, katika kila jambo. Kisha akafafanua kuwa hata tunapoua tuue kwa wema, na tunapochinja tuchinje kwa wema, kila mmoja anoe kisu chake na ampumzishe mnyama wake.

Hebu tuitafakari hadithi hii. Mtume (s.a.w.) amesema ihsani iko katika kila kitu. Angeweza kutoa mfano wa swala, au wa kuwatendea wazazi, au wa biashara. Lakini mfano alioutoa ni wa kisu na mnyama. Amekwenda mahali ambapo mtu ana nguvu zote na aliye mbele yake hana hata sauti ya kushitaki. Hapo ndipo ihsani inapopimwa. Mwenye kumfanyia wema anayeweza kumlipa hajaonyesha kitu kikubwa.

Na katika Suratul-Hajj, aya ya 36 na 37, Allah (s.w.) anapozungumzia wanyama wa kuchinjwa, anatuamrisha tulitaje jina lake juu yao, kisha anasema wale ubavu wao utakapokuwa umeanguka chini ndipo tule na tuwalishe wenye haja. Halafu anatuambia kuwa nyama zao wala damu zao hazimfikii Yeye, bali kinachomfikia ni ucha-Mungu wetu. Basi ndugu yangu, kama kinachofika kwa Allah ni taqwa, tujiulize ni taqwa gani inayopanda kutoka katika machinjio ambayo ng'ombe anavunjwa mkia kabla hajasomewa Bismillahi?

SAFARI KABLA YA KISU

Sisi wakazi wa mjini tunakutana na ng'ombe akiwa tayari ananing'inia buchani. Tunauliza bei ya kilo, tunauliza kama ni steki au ya mchanganyiko, tunaondoka. Lakini ng'ombe anayeliwa Kariakoo, Magomeni au Temeke hakuzaliwa hapa. Ametoka Shinyanga, Tabora, Mwanza, Singida au Dodoma. Amenunuliwa mnadani huko, amepakiwa kwenye lori, na kama ametoka Shinyanga amesafiri karibu kilomita 1,000 mpaka mnada wa Pugu, na kutoka Pugu anapelekwa machinjioni.

Katika lori wanasimama wamebanana. Anayechoka na kuanguka hukanyagwa na wenzake. Ili ainuke, wapo wanaomsokota mkia mpaka uvunjike, wapo wanaomchoma kwa fimbo yenye ncha, na wapo wanaompiga machoni. Maji na majani ni bahati.

Imepokewa na Abu Dawud kuwa Mtume (s.a.w.) alimpitia ngamia ambaye tumbo lake limegandana na mgongo kwa njaa, akawaonya watu wamche Allah kwa ajili ya wanyama hawa wasioweza kusema. Na katika hadithi nyingine aliyoipokea Abu Dawud kutoka kwa Abdullah bin Ja'far (r.a.), Mtume (s.a.w.) aliingia katika shamba la mtu mmoja wa Ansari, akamkuta ngamia ambaye alipomwona Mtume alitoa mlio wa huzuni na machozi yakamtoka. Mtume akampapasa mpaka akatulia, kisha akamuuliza mwenye ngamia kama hamwogopi Allah katika mnyama aliyemmilikisha, kwani mnyama huyo amelalamika kuwa anatiwa njaa na anachoshwa.

Mfanyabiashara wa ng'ombe anayesoma makala hii ajiulize: siku hiyo ya hesabu, ng'ombe wake wa safari moja ya lori watalalamika nini?

Na tusiichukulie safari hii kuwa nje ya mas-ala ya halali na haramu. Katika Suratul-Maida, aya ya 3, Allah (s.w.) ametuharamishia nyamafu, na akataja pamoja nayo aliyekufa kwa kunyongeka, aliyekufa kwa kupigwa, aliyekufa kwa kuanguka na aliyekufa kwa kupigwa pembe, isipokuwa yule tuliyemuwahi kumchinja akiwa hai. Ng'ombe aliyekufa ndani ya lori kwa kukanyagwa ni kibudu. Kumpitisha kisu baada ya hapo hakumhalalishi, hata mwenye kisu angekuwa sheikh. Basi anayewapiga na kuwabananisha ng'ombe wake anacheza na dhambi ya dhulma, na wakati huohuo anajiweka karibu na dhambi ya kuwalisha watu kibudu.

NILIYOYASHUHUDIA

Kwa miaka kadhaa nimekuwa nikisaidia kusimamia udh-hiya za msikiti wetu, na kwa shughuli hiyo nimefika katika machinjio zaidi ya moja, aghalabu saa tisa au saa kumi za usiku, wakati ambao mji umelala. Sitataja jina la mahali wala la mtu, kwa sababu lengo ni kurekebisha, si kuaibishana.

Nimeona kisu kimoja kikichinja ng'ombe mmoja baada ya mwingine bila kuguswa na jiwe la kunolea, mpaka mchinjaji anavuta mbele na nyuma mara nyingi kama anayekata gogo kwa msumeno. Nimeona ng'ombe aliye hai akiburutwa juu ya damu ya mwenzake, akiteleza, akiinuka, akiteleza tena, huku macho yamemtoka. Nimeona kijana akianza kuchuna ngozi ya mguu wa nyuma na mnyama bado anavuta pumzi. Nilipomuuliza, alinijibu kwa upole kabisa, "Shekhe, gari la nyama linasubiri."

Haya yote yalifanyika na Bismillahi ilisomwa. Niliisikia kwa masikio yangu.

Nisieleweke vibaya. Simharamishii mtu nyama ambayo Allah ameihalalisha. Mnyama aliyechinjwa na Muislamu, akakatwa panapotakiwa akiwa na uhai kamili, nyama yake ni halali hata kama mchinjaji alikuwa na papara. Lakini nyama kuwa halali hakumfutii mtu dhambi ya kumtesa kiumbe. Ni kama mtu aliyeswali na nguo ya kupora: kwa wanazuoni wengi swala yake itasihi, na hesabu ya uporaji iko palepale inamngoja.

KISU, SHINGO NA SUBIRA

Tuangalie sasa namna ya kuchinja yenyewe, maana hapa ndipo elimu inapohitajika zaidi kuliko nguvu.

Kwanza, mnyama apewe maji na aongozwe taratibu. Imesimuliwa kuwa Umar bin Khattab (r.a.) alimwona mtu akimburuta kondoo kwa mguu kwenda kumchinja, akamkemea na kumwambia ampeleke kwenye mauti yake kwa namna nzuri. Ng'ombe ni mnyama mwoga. Macho yake yako pembeni mwa kichwa, hivyo huona eneo kubwa, isipokuwa nyuma yake kabisa. Kivuli sakafuni, dimbwi la maji linalometameta au mnyororo unaoning'inia hutosha kumsimamisha. Sisi tunadhani ni mkaidi, tunampiga. Mtaalamu mmoja wa Marekani, Temple Grandin, ametumia maisha yake kuwafundisha wenye machinjio makubwa jambo hili: ondoa kinachomtisha, weka njia isiyoteleza, punguza kelele, naye atatembea mwenyewe. Mama huyo si Muislamu. Lakini anayoyafundisha yanakwenda sambamba na agizo la Umar (r.a.).

Pili, kisu kinolewe, na kinolewe mbali na macho ya mnyama. Imepokewa kuwa Mtume (s.a.w.) alimwona mtu amemlaza kondoo na huku ananoa kisu mbele yake, akamuuliza kama anataka kumuua mara mbili, na kwa nini hakukinoa kabla ya kumlaza. Vilevile asichinjwe mnyama mbele ya mwenzake. Kisu cha ng'ombe kiwe kirefu. Mtaalamu niliyemtaja anashauri urefu wake uwe kama mara mbili ya upana wa shingo, ili mkato uende bila ncha kuchimba ndani ya kidonda. Na ameandika kuwa ng'ombe aliyeshikiliwa vizuri, akakatwa kwa kisu kirefu chenye makali sana, huonyesha mshituko mdogo mno wakati wa mkato.

Tatu, mahali pa kukata. Katika madhehebu ya Imam Shafii, ambayo wengi wetu tunayafuata, kinacholazimu ni kukata koo la hewa na koo la chakula kwa ukamilifu, na ni sunna kukata na mishipa miwili mikubwa ya damu iliyo pembeni. Baadhi ya wachinjaji wakisikia ni sunna, wanaidharau. Lakini mishipa hiyo ndiyo inayohusika na damu ya ubongo. Ikikatwa yote kwa pamoja, mnyama hupoteza fahamu upesi. Ikibaki, anabaki akihisi. Basi mwenye kuchinja kwa ihsani haiachi sunna hii. Wala asipeleke kisu mpaka kwenye uti wa mgongo na kuuvunja. Hilo limechukizwa tangu enzi za maswahaba.

Nne, subira. Ng'ombe hafanani na kondoo. Ana njia nyingine ya damu inayopita ndani ya mifupa ya shingo, ambayo kisu hakiifikii, ndiyo sababu yeye hukawia zaidi. Wengi huanguka na kupoteza fahamu ndani ya takriban nusu dakika, lakini wapo wanaozidi dakika nzima. Kwa hiyo kabla ya kuchuna au kukata chochote, mguse jicho kwa kidole. Akipepesa, bado yu hai, mwache. Aya ya Suratul-Hajj inayosema mpaka ubavu uanguke haikuja bure. Tena kuna hadithi iliyopokewa na Abu Dawud na Tirmidhi kuwa kipande kilichokatwa kutoka kwa mnyama aliye hai ni nyamafu. Kijana anayekimbilia kukata mguu au mkia kabla roho haijatoka ajue anacheza wapi.

Na hikma ya Allah iko wazi. Ng'ombe aliyefadhaishwa na kuchoshwa humaliza sukari iliyohifadhiwa katika misuli yake. Sukari hiyo ndiyo inayogeuka kuwa asidi baada ya kuchinjwa na kuifanya nyama idumu. Ikiisha, nyama huwa nyeusi, ngumu, na huharibika mapema. Na pale fimbo ilipopiga hubaki vilio vya damu ambavyo mwenye bucha lazima avikate na kutupa. Anayempiga ng'ombe anapiga mfuko wake mwenyewe.

"LAKINI WATU WANA NJAA"

Najua atatokea wa kusema: Shekhe, watu hawana ada za shule, hospitali hazina dawa, wewe unatuletea habari za ng'ombe?

Jibu ni kuwa aliyetuletea habari hizi si mimi. Bukhari na Muslim wamepokea kuwa mwanamke aliingia motoni kwa sababu ya paka aliyemfungia bila kumlisha wala kumwacha ajitafutie. Na wamepokea pia kuwa mtu alisamehewa dhambi zake kwa kumnywesha maji mbwa mwenye kiu. Huyo ni paka, na huyo ni mbwa. Sembuse ng'ombe ambaye Allah ametuneemesha kwa nyama yake, maziwa yake na ngozi yake?

Wapo pia wanaotutazama. Huko Ubelgiji, jimbo la Flanders lilipiga marufuku kuanzia Januari 2019 kuchinja bila kumzimisha mnyama kwanza. Waislamu na Wayahudi wa nchi hiyo walikwenda mahakamani, na mwezi Februari 2024 Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu ikaamua kuwa katazo hilo halikuvunja uhuru wa dini. Hoja iliyotumika ni huruma kwa wanyama. Huruma! Jambo ambalo Mtume wetu (s.a.w.) alilifundisha karne 14 zilizopita, leo linatumika dhidi ya umma wake. Tunaweza kusema, na pengine ni kweli, kuwa wapo wenye chuki na Uislamu ndani ya hoja hizo. Lakini kila machinjio ya Waislamu yenye kisu butu ni ushahidi tunaowapa bure. Na hapa kwetu, Sheria ya Ustawi wa Wanyama ya mwaka 2008 inakataza kumtesa mnyama. Itakuwa aibu kubwa kama serikali ndiyo itakayotukumbusha sunna ya Mtume wetu.

TUFANYE NINI?

Lawama peke yake haijengi. Yule kijana wa machinjioni naye ni mja wa Allah mwenye familia. Kama malipo yake ni kwa kichwa cha ng'ombe, na anaharakishwa na wenye mabucha, na wenye mabucha wanaharakishwa na sisi tunaotaka nyama mapema asubuhi, basi dhambi hii ina mikono mingi. Napendekeza yafuatayo.

Kamati za misikiti ziache kumteua mchinjaji kwa sababu tu ni mtoto wa fulani au kwa sababu anaujua msikiti. Afundishwe fiqhi ya kuchinja, afundishwe kunoa kisu, na asimamiwe. Pawepo visu viwili au vitatu na jiwe la kunolea, ili kikilegea kimoja kishikwe kingine.

Taasisi zetu zinazotoa vyeti vya halali zisiishie kuuliza jina la mchinjaji. Zikague maji, sakafu, kisu, na muda unaoachwa kabla ya kuchuna. Wafanyabiashara wetu wasibananishe ng'ombe kwenye lori ili kuokoa gharama ya safari moja.

Wakati wa Idd, ng'ombe wa msikiti asifungwe juani tangu jana yake bila maji, watoto wakimrushia mawe. Wanyama wachinjwe mmoja mmoja kwa faragha. Mchinjaji alipwe ujira wake kwa fedha, asilipwe kwa ngozi wala nyama, kwani Ali (r.a.) alikatazwa na Mtume (s.a.w.) kumlipa mchinjaji kutokana na wanyama wa sadaka aliokabidhiwa kuwasimamia. Tukumbuke kuwa katika Hija ya kuaga Mtume (s.a.w.) alichinja ngamia 63 kwa mkono wake mtukufu. Hakuiona kazi hii kuwa ya watu wa chini. Basi nasi tusiwaachie vijana wasiofundishwa, kisha tukae mbali tukisubiri fungu letu.

Na wewe mnunuzi, muulize mwenye bucha nyama imetoka machinjio gani, ina muhuri wa mkaguzi, na nani amechinja. Akijibu kuwa amechinja Muislamu, mshukuru, kisha muulize swali la pili: amechinjaje? Mkiuliza watu kumi kwa siku, mwenye bucha atakwenda kumuuliza aliyemletea nyama. Haki ya kushika kisu tuliipigania kwa maneno makali mwaka 2013. Tuithibitishe kuwa tunaistahiki.

Tunamuomba Allah (s.w.) atujaalie huruma juu ya viumbe vyake, aturuzuku chakula kilicho halali na kilicho kizuri, na asitufanye kuwa miongoni mwa watakaoshitakiwa na wanyama Siku ya Kiyama. Amin.

Wabillahi tawfiq.